Picha Mbichi

Picha mia nane na kumi na mbili
za harusi ya Jumamosi, Limbani,
zimelala kwenye kadi kama karafuu za siku ya kwanza:
mbichi, hazijajua bei yake.
Feni inasukuma joto kutoka pembe hii kwenda ile.
Chai ya mchaichai imepoa. Mie nasubiri kompyuta.

Preseti nilizinunua kwa kijana mmoja wa Darajani, Unguja,
arubaini ndani ya kifurushi, shilingi elfu kumi na tano,
na majina ya mahali pasipo jamaa yetu hata mmoja:
Theluji ya Alfajiri. Msitu wa Mbali. Asali na Maziwa.
Unabonyeza mara moja tu.
Mbingu ya Wete inageuka samli,
migomba inakuwa kama imeugua,
na kila mtu ametoka kuoga kwa maziwa.

Wateja hupenda, siwasingizii.
"Nitakatishe," husema, "kama yule wa kwenye simu."
Nami hutakatisha. Kodi ya chumba haina subira.

Lakini picha ya mia tatu na sita
ni Bi Kidawa Shaame, mama wa bibi harusi,
ameinua mkono anamweka binti shela sawa.
Na mkononi, kutoka kiwiko mpaka kifundo,
lile kovu la halua:
mwaka alioshika mwiko wa marehemu mumewe
sukari ilimrukia, naye hakuuachia mwiko,
kwani halua ukiiacha huganda,
na deni haligandi.

Nikabonyeza Asali na Maziwa.
Kovu likayeyuka.
Ukabaki mkono laini, mweupe mweupe,
wa mtu ambaye hajamlisha mtu.
Na piko ya binti, nyeusi tii, ikawa chai ya maziwa.

Nikarudisha, likaja.
Nikabonyeza, likaenda.
Mara saba, mara nane, kama mtoto na swichi ya taa,
mpaka umeme wenyewe ukakatika
nikabaki naitazama sura yangu kwenye kioo cheusi.

Nje, mvua imenukia. Watu wanaanua karafuu mbio mbio.
Sauti ya mwanamke inafoka:
"Kunja jamvi hilo! Zikilowa hizo ni mpeta,
utamuuzia nani?"

Umeme uliporudi nikaanza upya, bila kifurushi.
Mwanga juu kidogo; alasiri ile ilikuwa na wingu.
Vivuli nikavifungua, kiasi cha kuona ushungi una maua.
Wekundu nikaushusha, maana turubai lilikuwa jekundu
likammwagia kila mtu homa.
Ngozi sikuigusa.
Uongo. Niliigusa kidogo,
nikairudishia hudhurungi yake, ya karafuu siku ya tatu juani,
na kovu likakaa pale pale, linang'aa pembeni.
Nikahifadhi. Kompyuta ikauliza jina.
Nikaandika: Kidawa.

Jumatano akaja mwenyewe kuchukua albamu.
Akafungua, akafika hapo, akasimama.
Akaifuta picha kwa ncha ya kanga, ingawa haikuwa na vumbi.
"Huu mkono umeuacha."
"Niufute?"
Akafikiri. Nje pikipiki ilipita, ikarudi, ikapita tena.
"Hii ya kwangu iache.
Ya kupeleka kwa wakwe," akasema, "ifute."
Akalipa zote mbili, noti zina harufu ya iliki.

Juzi nimemkuta Faki, mwanafunzi wangu, anacheka peke yake.
Watoto wa skuli ya Konde, picha mia na hamsini,
kawapaka Kidawa wote kwa mpigo mmoja,
nao wamekuwa maandazi yaliyosahauliwa jikoni.
"Mbona kwa yule mama ilikubali?" kaniuliza.
Nikavuta kiti, nikakaa karibu yake.
"Faki," nikamwambia, "hilo ni jina la mtu.
Haya, rudisha. Anza na huyu wa mwanzo.
Anaitwa nani?"